Riwaya za wavuja jasho: mbona mfanyakazi tunamwona kila mahali isipokuwa kazini?

Mshika Daftari (Kigoma)

Wakuu, habari za jioni.

Kazi yangu ni kushika daftari la tajiri mwenye vyombo viwili vya kuvulia dagaa hapa Kibirizi. Alfajiri vyombo vinaporudi nakuwa nimeshasimama mchangani. Nahesabu ndoo, naandika, nakata mafuta, nakata chakula, nagawa. Mchana nikishalala kidogo, nasoma. Nimekuwa msomaji wa riwaya tangu darasa la sita, na kuna jambo limenikaa rohoni miaka mingi. Leo nalileta kwenu.

Riwaya zetu zimejaa wafanyakazi. Kuli yumo, mtumishi wa ndani yumo, mkata mkonge, utingo, kibarua wa ujenzi, wote wamo. Lakini hebu hesabu kurasa ambazo mtu huyo yuko kazini kwelikweli, mikono imeshika kitu. Ni chache mno. Mwandishi anatuambia fulani alikuwa kibarua wa bandarini, aya ya pili kibarua yuko kilabuni, ya tatu yuko kwa mwanamke, ya tano yuko mahabusu. Saa kumi za kubeba magunia zimemezwa na sentensi moja. Mimi nataka kujua gunia lilikuwa na uzito gani, alilibeba begani au kichwani, nani alimtwika, na jioni kwenye foleni ya malipo nani alikata nini na kwa sababu gani.

Kitabu kilichonifungua macho ni Kuli cha Adam Shafi, cha mwaka 1979. Wengi mnakijua: wachukuzi wa bandari ya Zanzibar na mgomo wao wa 1948. Nilikisoma mara ya kwanza peke yangu. Mara ya pili nilikisoma kwa sauti, ufukweni, wakati wa mbalamwezi. Kwa wasiojua ziwa: dagaa huvuliwa usiku wa giza, taa inawavuta wapande juu ndipo wavu uinuliwe. Mwezi ukiwa mpevu taa haina nguvu, kwa hiyo watu hukaa nchi kavu siku kadhaa wakishona nyavu. Ndipo niliwasomea vijana wa chombo chetu, kurasa chache kila jioni.

Nilidhani watasisimka tukifika kwenye mgomo. Sivyo. Walinisimamisha mapema zaidi. Mmoja akauliza: "Hao makuli wanalipwa kwa siku au kwa mzigo?" Mwingine akauliza nani anayeandika majina asubuhi, na asiyeandikwa anakwenda wapi. Mzee mmoja mshona nyavu, ambaye hajawahi kuvuka Nguruka, akasema, "Huyo anayeandika majina ndiye mwenye hadithi." Nikanyamaza, maana mwandika majina pale ni mimi.

Sasa hoja yangu. Huku kwetu tuna kazi ambazo mtu wa pwani hawezi kuzikisia. Tuna ziwa, reli, tumbaku ya Urambo na Kaliua, chumvi ya Uvinza, mawese. Hadithi ziko wapi? Meli yetu Liemba ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande, ikatiwa kwenye makasha, ikashushwa Dar es Salaam, ikapanda reli kuja kuunganishwa hapa Kigoma na kuingizwa majini Februari 1915 ikiitwa Graf von Götzen. Mafundi watatu waliotoka Papenburg kuja kuiunganisha wana riwaya nzima ya Kijerumani, Eine Frage der Zeit ya Alex Capus, ya mwaka 2007. Nawafurahia, walistahili. Ila makasha yale hayakujibeba, na misumari ya ribiti haikupigwa na mikono sita. Babu zetu waliokuwa pale wanasubiri nani awaandike kwa Kiswahili?

Nawasilisha. Wenye vitabu vizuri vya namna hii watajeni, na wenye kazi zao wazisimulie.

Msomaji wa Usiku (Tabora mjini)

Mleta uzi, heshima yako, ila mimi naona tofauti. Mimi ni mlinzi wa usiku, nasoma lindoni. Saa nane za usiku, baridi ya Juni ya Tabora, sitaki kusoma habari za mlinzi anayepigwa baridi. Nataka kutoka pale. Ndiyo maana nampenda Ben Mtobwa na mpelelezi wake Joram Kiango. Na Mtobwa ni mzaliwa wa huko huko kwenu Kigoma, alijua alichokifanya: alimpa mtu mchovu mahali pa kwenda.

Halafu hizo riwaya za wafanyakazi, hasa zilizofuata Azimio la Arusha, nyingine ni hotuba. Bepari ana kitambi na sigara kubwa, mfanyakazi hana kosa hata moja, ukurasa wa mwisho wote wanaimba. Mimi nimefanya kazi tangu nina miaka kumi na tano na sijawahi kuwaona watu hao.

Mshika Daftari (Kigoma)

Mkuu Msomaji wa Usiku, umesema mambo mawili na yote nayapokea.

La kwanza, mchovu ana haki ya kupumzika. Joram Kiango nimemfuata mimi pia, usiku kucha, na sitamsema vibaya.

La pili ndilo lililonifanya nilete uzi. Hotuba huzaliwa pale mwandishi asipoijua kazi. Akiwa hajui mtu anashika nini, anamshikisha bango. Tajiri wangu mimi hana kitambi. Ana mkopo wa injini, na chombo kikirudi kitupu siku tatu mfululizo ndiye wa kwanza kukosa usingizi. Hata hivyo mgawo una ukali wake. Nitawapa mfano wa chombo chetu. Usiku umeuzwa 600,000. Mafuta, chaji ya betri za taa na chakula 150,000, hiyo inatoka kwanza. Zinabaki 450,000. Nusu ya tajiri, 225,000. Nusu nyingine wanagawana watu watano, kila mmoja 45,000. Ukisikia hivyo utasema mbona nzuri. Lakini wavu ukichanika unakatwa wapi? Kwenye nusu ya nani? Siku chombo kimerudi na ndoo mbili, mafuta yale yale yametumika, deni linaandikwa kwa nani? Hapo ndipo kijana wa watu anabaki amesimama ananitazama, mimi na kalamu yangu, na hakuna kati yetu aliye mwovu. Nionyesheni riwaya yenye dakika hiyo. Siihitaji iwe na bango.

Kokoto (Tabora, kota za reli)

Vijana, nawasalimu.

Mimi nimestaafu reli. Nilikuwa upande wa njia: mtaimbo, sururu, beleshi, kushindilia kokoto chini ya mataruma. Mshika Daftari, umenigusa.

Kuna kitabu cha Sembene Ousmane wa Senegal, Les bouts de bois de Dieu, cha mwaka 1960. Mimi nilikisoma kwa Kiingereza, God's Bits of Wood, nilikikuta kwa mwalimu mmoja. Kinasimulia mgomo wa wafanyakazi wa reli ya Dakar hadi mto Niger, ulioanza Oktoba 1947 ukaisha Machi 1948. Sembene mwenyewe alikuwa kuli wa bandari ya Marseille, aliumia mgongo akipakua mizigo. Ndiyo maana ukisoma karakana yake ya reli katika mji wa Thiès unasikia joto la chuma.

Jina la kitabu lina maana. Watu wale hawapendi kuhesabu binadamu walio hai, wanaona ni kuwapunguzia umri. Kwa hiyo wanahesabu vipande vya mti vya Mungu.

Lakini kilichonishika zaidi ni wanawake. Mgomo unapokuwa mrefu, maji yamekatwa, duka halikopeshi, ni wao wanaoubeba. Mwishowe wanatoka Thiès kwa miguu hadi Dakar. Nikamkumbuka mama yangu. Mwaka 1960 reli yetu nayo iligoma, zaidi ya miezi miwili. Nilikuwa mdogo, najua tu kwamba baba alikuwa nyumbani mchana, jambo ambalo kwetu watoto lilikuwa sikukuu. Mama hakuandamana kwenda popote. Alikuwa anatoka gizani na sufuria ya mihogo ya kuchemsha, anakwenda sokoni, anarudi na unga. Baba alikuwa anakaa kizingitini anapiga msasa mpini wa sururu ambao haukuwa na shida yoyote. Kila siku anaupiga msasa. Mpini ule ulibaki mwembamba kama fimbo ya kuchungia.

Hayo hayamo kitabuni. Hata jirani zangu wa sasa hawajui.

Mshika Daftari (Kigoma)

Shikamoo mzee Kokoto. Huo mpini sitausahau.

Umenikumbusha jambo lingine. Mwaka ule ule wa 1947, Septemba, makuli wa Dar es Salaam waligoma, na mgomo ukafuata njia ya reli kuja bara. Mombasa walikuwa wameshagoma Januari. Oktoba Senegal. Agosti mwaka uliofuata Zanzibar. Ndani ya miezi ishirini, bandari na reli za Afrika zinapokezana kama taa za wavuvi usiku. Zanzibar wakapata Kuli. Senegal wakapata Sembene. Huu wa kwetu uliopanda na treni mimi sijaikuta riwaya yake, na nimetafuta.

Na hilo la kuhesabu watu, mzee wangu. Babu yangu mzaa mama alitoka Kasulu kwenda Tanga kukata mkonge. Walichukuliwa wengi, Waha na Wanyamwezi, mkataba mkononi, na kila mtu na namba yake. Ndiyo wakaitwa manamba. Senegal wanaogopa kumhesabu mtu, wanamwita kipande cha mti cha Mungu. Babu aliitwa kwa namba mpaka alipozeeka alikuwa anaitaja kabla ya jina lake. Mtu akimuuliza "wewe nani?" namba inatangulia. Sisi wajukuu tulikuwa tunaona ni mchezo.

Mama wa Chanja (Kibirizi)

Kaka zangu nimewasoma tangu jana. Nyote mmeongea kazi za wanaume, isipokuwa mzee Kokoto aliyemkumbuka mama yake, Mungu amzidishie.

Mimi naanika dagaa. Nimeanza mchangani, sasa niko kwenye chanja za waya. Mchangani dagaa anakauka haraka chini lakini anabeba mchanga, mnunuzi wa Dar akitafuna tu anarudisha bei. Kwenye chanja anakuwa safi, ila chanja ni hela. Hiyo ni kazi inayosomeka? Inasomeka, ukijua pa kuanzia. Anza na wingu. Umechukua ndoo kumi kwa mali kauli, umemwahidi tajiri utalipa jioni ya pili, umezimwaga zote, zimeanza kupata rangi ya fedha, halafu wingu linatokea upande wa Kongo. Unalitazama. Ukizoa mapema zinavunda kwenye viroba. Ukichelewa zinalowa. Wenzako nao wanalitazama, hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kuzoa maana akizoa mmoja wote watazoa. Mwaka jana nilikuwa wa kwanza, na mvua haikunyesha. Nilitukanwa vizuri.

Riwaya nyingi nilizosoma, mwanamke maskini anaonekana akilia au akidanganywa. Mimi nalia kama watu wengine, lakini muda mwingi napiga hesabu. Hesabu yangu ni ngumu kuliko ya huyo mwenye daftari, kwa sababu yake imeandikwa.

Na miezi ile ziwa linapofungwa, kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti kama ilivyoanza 2024, ili samaki wazaliane, sisi waanikaji tunakula nini? Naelewa sababu, dagaa walikuwa wanapungua, nimeona kwa macho yangu. Nasema tu kwamba miezi mitatu ya ufukwe usio na harufu ya dagaa ni hadithi tosha. Mwandishi aje akae.

Mchochea Bani (Urambo)

Mwangaluka wakuu.

Dada Mama wa Chanja, umeandika wingu hilo nikaliona. Nami niseme ya tumbaku.

Huku Urambo Waingereza walikuja na mradi wa karanga baada ya vita kuu ya pili, ukashindwa vibaya, tumbaku ndiyo ikashika. Msimu ukianza vijana wengi wanatoka Kigoma kuja kwa vibarua. Anakuja na begi moja. Anapewa pa kulala, anakula kwa mwenye shamba, hela anasubiri mpaka soko lifunguliwe. Miezi yote hiyo anafanya kazi kwa ahadi.

Jani la tumbaku likiwa bichi lina utomvu. Ukichuma asubuhi na umande, mikono inakuwa myeusi, inanata, ukigusa mdomo ni uchungu mtupu. Na mgeni anaumwa: kichwa kinazunguka, anatapika. Wenyeji wanajua ni tumbaku imeingia kupitia ngozi, mgeni anadhani amerogwa. Kisha unayafunga majani kwenye fito, unapakia bani, yaani banda la kukaushia, unachochea moto. Moto huo una adabu yake. Mwanzo mdogo, jani ligeuke njano. Ukiuzidisha mapema jani linababuka kijani, halina bei. Mwishoni unauzidisha ukaushe kikonyo. Ni mchana na usiku, karibu wiki. Watu wawili wanapokezana, na usiku ule ndipo watu hufunguliana mioyo, maana huwezi kulala na huwezi kuondoka.

Halafu siku ya soko mteuzi anapita kwenye robota, anatazama, anashika, anataja daraja. Sekunde chache. Kazi ya miezi inageuka herufi na namba.

Mimi ninamkumbuka kijana mmoja wa kutoka upande wa Kibondo, tulichochea naye bani msimu mmoja. Aliniambia jambo usiku, nikaahidi sitasema, na sijasema. Lakini nikisoma riwaya natafuta mtu kama yule na simpati.

Kijana wa Gungu

Wakuu naomba kuuliza. Nimemaliza kidato cha nne, namsaidia mjomba kupakia saruji bandarini, mizigo ya Kongo na Burundi. Kuli nakipata wapi? Na je, mtu kama mimi anaweza kuandika, au mpaka chuo?

Mshika Daftari (Kigoma)

Mdogo wangu, Kuli yangu nitakuazima. Njoo ufukweni asubuhi, uliza mshika daftari. Ikirudi imelowa sitakulaumu, ya kwangu ina magamba ya dagaa katikati ya kurasa.

Kuhusu kuandika: Sembene hakutoka chuo, alitoka gatini kama wewe. Shaaban Robert alikuwa karani wa forodha. Leo jioni, kabla hujaoga, andika jinsi vumbi la saruji linavyoganda shingoni kwa jasho. Usiandike kwamba inasikitisha. Andika linavyotoka, unalisugua na nini, na maji yanakuwa rangi gani.

Msomaji wa Usiku (Tabora mjini)

Nimerudi. Nilikuwa lindoni, nimesoma uzi wote tangu juu. Yule kijana wa Kibondo na moto wa bani amenikaa kichwani usiku kucha. Nasalimu amri kwa hili moja: sikuchoka kumsoma. Labda ninachokikimbia si kazi, ni yule anayeniandika bila kujua kwamba mlinzi hasikilizi kelele. Mlinzi anasikiliza kelele zilizokoma. Vyura wakinyamaza ghafla, mtu anapita. Hilo sijalisoma popote.

Kokoto (Tabora, kota za reli)

Marahaba Mshika Daftari, nilichelewa kuitikia.

Msomaji wa Usiku, hata sisi njiani tulisikiliza hivyo hivyo. Jua kali la mchana reli inatanuka, inalia. Ukizoea unajua mlio wa kawaida na mlio wa taruma lililolegea. Tukitembea na nyundo tunagonga. Baba alinifundisha kabla sijaajiriwa, Usinge, nikiwa likizo ya shule. Nitaanza kuandika hapo. Nisahihisheni Kiswahili, macho yangu si mazuri.

Mama wa Chanja (Kibirizi)

Mzee wangu wewe andika, tutakusahihishia koma tu.

Mbalamwezi inaanza wiki ijayo. Mshika Daftari, safari hii usiwasomee wavuvi peke yao. Njooni huku kwenye chanja, wanawake tuko zaidi ya ishirini, na tuna mkeka.

Mshika Daftari (Kigoma)

Nitakuja dada. Nitaanza na wingu lako kama unaniruhusu, ndipo Kuli.

Mkuu Mchochea Bani, siri ya yule kijana iache pale pale ulipoiweka. Lakini kuna kitu nakuomba kwa ajili ya jioni ya kwanza. Usiku alipokuambia, moto ulikuwa mdogo bado au mlikuwa mmeshauzidisha?

Mchochea Bani (Urambo)

Ulikuwa mdogo. Usiku wa pili. Majani yalikuwa ndiyo yanaanza njano, nakumbuka harufu, kama nyasi zilizolowa asali. Nimeitwa shambani sasa hivi, kesho usiku nitaiandika yote isipokuwa lile neno lake.